Zuio la Kibanja cha Buganguzi

Celina, mjane wa mzee Rutaihwa, alikuwa akiishi Kemondo katika chumba alichopanga binti yake Joanitha, karibu na bandari. Hakuja kwa kupenda. Baada ya mumewe, ambaye watoto wake walimwita Tata, kufariki, Kaijage, mtoto wa mke mkubwa, alifungua shauri akitaka kibanja cha Buganguzi kigawanywe. Baraza la ardhi likaweka zuio: mtu asiishi pale, asilime, mpaka uamuzi utoke.

Miaka ikapita, uamuzi hautoki. Mara mwenyekiti kahamishwa, mara wakili yuko Mwanza. Kila Joanitha aliporudi kutoka barazani Bukoba mjini, mama yake alimuuliza kabla hajavua viatu.

"Wamesemaje?"

"Wameahirisha, Mama."

"Na kule senene wameshaanza kuanguka, na hakuna wa kuwakamata."

Kisha akaendelea kumenya ndizi za sokoni. Alizinunua kila siku na kila siku alisema hazina ladha ya kwao.

Safari moja shauri liliahirishwa kwa sababu mzee wa baraza alikuwa mgonjwa. Joanitha alipotoka nje alimkuta Kaijage amekaa kwenye ngazi peke yake. Walikuwa hawasalimiani tangu mazishi. Akakaa kando yake.

"Kaka, kesi iendelee tu. Lakini mwache Mama arudi alale nyumbani kwake."

"Wakili anasema akiingia, itaonekana nimemwachia."

"Wewe mwenyewe unasemaje?"

Kaijage alitazama viatu vyake. "Juzi nilipita pale barabarani. Kaburi la Tata halionekani kwa nyasi. Nilitaka kuingia nikang'oe, nikaogopa kuambiwa nimevunja zuio. Nilisimama pale kama mpita njia."

Wakarudi ndani pamoja, wakamwomba karani awaelekeze jinsi ya kuomba ruhusa. Maombi yao nayo yaliahirishwa, lakini mvua za vuli zilipoanza baraza liliruhusu Celina akae katika nyumba na kaburi lisafishwe. Kulima, hapana.

Kaijage ndiye aliyefungua kufuli. Paa la jiko lilikuwa limeanguka. Migomba ilikuwa imekonda, majani makavu yakining'inia mpaka chini, na mibuni imefunikwa na magugu. Celina alipita akigusa mgomba mmoja baada ya mwingine, akiitaja kwa Kihaya, huu nshakara, huu nchoncho, mpaka akafika mahali ambapo hapakuwa na kitu tena.

"Mama mdogo, kaa kwanza upumzike," Kaijage alisema.

"Nimekaa sana Kemondo."

Akapiga magoti, wakang'oa nyasi za kaburi wote watatu mpaka saruji ikaonekana.

Sasa Celina analala kwake. Asubuhi hutoka na jembe, hufika ukingoni mwa shamba, husimama, kisha hulirudisha ndani. Shauri la mgawanyo limepangwa tena mwezi ujao.