Haya ya Shangazi Mize

Usiku wa jana niliota natuzwa. Mimi ndotoni sijawahi kupewa kitu kizuri, hivyo nilijua mapema kwamba kuna balaa mbele.

Ukumbi ni ule ule wa ng'ambo, wa baridi, walikoipenda filamu yangu. Nimevaa gauni la kulalia na kanga begani, lakini hakuna anayejali. Filamu inaonyeshwa. Ni filamu ya kisiwa chetu, Kojani, na sasa imefika pale wanapopapenda wote: shangazi Mize kakaa uani, kichwa wazi, binti yake anamsuka, mafuta ya nazi yanammeremeta mpaka shingoni. Picha hiyo ndiyo iliyofanya watu waniite mwongozaji. Kabla yake nilikuwa mtoto wa Faki mwenye kamera.

Shangazi anainua macho, anaiona kamera, anasema, "Haya, Salme. Haya!" Chini yake yanapita maandishi ya tafsiri, niliyoyaandika mwenyewe kwa ajili ya wageni: *Sawa, Salme. Endelea.*

Kulia kwangu mtu anakohoa. Ni mwanamke mzima, kajitanda buibui, kanipa mgongo.

"Samahani, bibi. Wewe nani?"

"Haya."

"Haya nini?"

"Ndilo jina langu. Shangazi yako aliniita siku ile. Nilifika mpaka mlangoni, nikamkuta huyo keshaingia." Akanyoosha kidole kwenye kiti cha kushoto.

Kushoto kuna kijana mwenye miwani ya jua, anatafuna jojo na kupiga makofi. "Haya haya haya! Twende kazi!"

"Na wewe?"

"Haya," akasema. "Mimi ndiye uliyenisikia. Kazi ilitoka safi, au vipi?"

"Tumefanana jina tu," bibi akasema. "Hatuna hata udugu wa mbali."

Wallahi nilisikia uso unaniwaka. Lakini mtu akibanwa hujitetea. Nikasimama, nikasema kwa sauti ukumbi mzima usikie, "Mimi nilidhani shangazi kaniruhusu!"

Magotini kwangu yakatokea maandishi meupe: *Nilipenda kudhani.*

Nikayaziba kwa kiganja. Yakapita juu ya kiganja.

"Tulia, dada, tunasoma," mtu akasema nyuma yangu. "Na usilikunje hilo gauni."

Nageuka kumjibu. Wageni hawapo. Ukumbi umekuwa uwanja wa skuli ya Kojani, na shuka nyeupe imetundikwa ukutani. Ni Ijumaa hii inayokuja, siku niliyoahidi kuionyesha filamu nyumbani kwa mara ya kwanza. Wanaume wa mtaa wote wamekaa mkekani na kofia zao. Mbele kabisa wako wakwe wa shangazi, waume wa binti zake, watu ambao akisikia tu viatu vyao mlangoni hukimbilia mtandio. Wote wameinamisha vichwa, wanatazama vidole vya miguu yao.

"Salme," akasema Khatib, mkwe mkubwa, bila kuinua uso. "Utuambie akishajifunika."

Jamani! Bora angenitukana.

"Kata!" nikapiga ukelele, maana kwetu waongozaji neno hilo husimamisha kila kitu.

Ikaja kata. Ile ya kifuu, ya kuchotea maji mtungini, na mpini wake mrefu. Ilikuwa bado inachuruzika.

"Umeniita?"

"Siyo wewe. Nataka picha isimame."

"Basi useme unachotaka," ikasema kata, ikaondoka imenuna.

Picha haikusimama. Shangazi kanikazia macho kutoka kwenye shuka, na mafuta yanamteremka shingoni.

"Mwanangu, nilisema haya."

"Nimesikia, shangazi."

"Siku ile hukusikia?"

Nilitaka kujibu, nikakumbuka magoti yangu. 

"Haya, una kitu cha kujitanda?" akauliza.

Navua kanga begani, naipenyeza kwenye shuka. Shuka ni mbichi, imetoka kufuliwa sasa hivi, na mkono unazama mpaka kiwiko. Vidole vya shangazi vinanigusa, vinateleza kwa mafuta. Anajitanda polepole, anabana kanga chini ya kidevu.

"Tayari," nikawaambia wakwe.

Wakainua vichwa. Bibi wa buibui akainuka kitini, akaingia kwenye shuka, akakaa karibu na shangazi kama mgeni aliyechelewa. Kijana wa jojo aliendelea kupiga makofi peke yake. Mimi nikalia mbele ya mtaa mzima kwa aibu, na magotini hapakuandikwa kitu.

Nikaamka chumbani kwangu Magomeni, kumeshakucha. Kanga niliyojifunika wakati wa kulala haikuwapo. Nikakung'uta shuka, nikachungulia uvunguni, nikapekua hata beseni la nguo chafu. Haipo. Mlango ulikuwa umefungwa kwa ndani.

Nikampigia shangazi Kojani.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Kanga yako nimeifua, ilijaa mafuta. Iko uani inakauka."

Nikakaa kitandani. Maneno niliyoyapanga yote yalinipotea, nikabaki na hili tu.

"Shangazi, ile picha unayosukwa naitoa. Ijumaa hawataiona. Na ng'ambo hawataiona tena."

 Nikasikia kuku wake, nikasikia mtu anachota maji.

"Haya," akasema.

"Haya ipi, shangazi?"

"Leo ndo unauliza," akasema, akakata.