Michezo Mitano na Kaka Harub

Mume wangu Marhun alifariki mwezi wa pili, na mwezi wa tatu akaonekana hewani anacheza dhumna. Wa kwanza kumwona alikuwa rafiki yake Luay, kule Al Qabil, hapa hapa Oman. Alifungua kompyuta yake baada ya sala ya alasiri, akaona taa ya kijani inawaka pembeni ya jina la marehemu, akapiga simu kwangu Ibra huku anasoma Ayatul Kursiy. Nikamwacha amalize, maana si adabu kumkatiza mtu katikati ya Kurani, kisha nikamwambia, "Ndugu yangu Luay, tulia. Ni mie, Fawziya. Nilikuwa nafuta vumbi, nikabonyeza."

Hilo la vumbi lilikuwa uwongo. Nilikuwa nimekaa eda, miezi minne na siku kumi ndani ya kuta, na nyumba imekuwa kimya mpaka nasikia friji inapumua. Kompyuta ya Marhun ilikuwa na mtandao wa michezo humo humo ndani, hununui wala hupakui kitu. Unaandika jina lako, unawaita marafiki, na kila aliye hewani taa yake inakuwa ya kijani. Yeye na wenzake, wazee kumi na mmoja wa Kizanzibari waliotawanyika Sur, Nizwa, Ibra na Al Qabil, walikuwa wamehamishia baraza lao humo. Wawili wanacheza, waliobaki wanatazama na kuandika kejeli chini. Miaka sita nilikaa pembeni ya Marhun nachambua mchele, naye anasema peke yake, "Sita zimetoka nne, bado tatu." Hakujua kuwa ananifundisha, wala mie sikujua kuwa najifunza.

Nikalifuta jina la Marhun, nikaandika Mama Maen. Luay akanikaribisha kwa heshima ya marehemu, na heshima ikamwisha baada ya wiki moja, nilipomfunga mara nne mfululizo. Mtandao ule ulinifaa kweli. Wanaume kumi wanautazama mkono wangu unavyocheza, na hakuna hata mmoja aliyeuona mkono wenyewe. Eda yangu iko salama, na alasiri yangu imepata kazi.

Matata yaliletwa na Maen. Huyu ni mwanangu wa pekee wa kiume, mhandisi wa maji huko Nizwa, mtoto mwema lakini ana haraka kama chai ya msafiri. Wiki ya pili ya msiba niliweka chungu cha harisi jikoni, nikaenda kukaa kwenye kitanda cha Marhun, nikakisahau. Kikaungua, na pazia la jikoni likashika moto. Maen alipokuja akauona ukuta mweusi, alilia, na mie nilimhurumia.

"Mama, hii nyumba kubwa, na wewe umeanza kusahau," aliniambia. "Ukimaliza eda unakuja Nizwa kwangu. Khalas."

Akanitengenezea chumba nyuma ya gereji, kina kiyoyozi na televisheni. Akamtafuta mpangaji wa nyumba yangu, mwalimu wa skuli, aingie mwanzo wa mwezi eda ikishaisha. Kila nikisema sitaki, ananitazama kwa macho ya huruma, na hakuna kitu kinachochoma kama huruma ya mtoto uliyemfundisha kujifunga vifungo vya kanzu.

Nitasema ukweli. Kilichonitia hofu hakikuwa chumba cha gereji. Nilikuwa nimeanza kumwamini. Nikiingia stoo nikasahau nilichofuata, moyo unaniambia, basi bibie, ndiyo hiyo imeshaanza. Nyumba ile nimeingia bibi harusi, nimezaa humo watoto wanne, nimemtoa humo mume wangu katika jeneza. Kuondoka kwa hiari yangu ningeweza. Kuondolewa kwa sababu akili imekwisha, hilo lilinishinda.

Maen akaenda kutafuta nguvu kwa kaka yangu Harub. Harub ndiye mkubwa wetu, anakaa Aija, Sur, ana goti bovu na sauti ya kuamrisha, na katika baraza lile la dhumna hakuna aliyemfunga tangu Marhun atutoke. Akisema neno, ukoo mzima unalifuata. Basi akaliandika palepale mtandaoni, chini ya mchezo wa watu wengine, kila mtu anasoma: "Kichwa cha mwanamke kikianza kuvuja hakizibiki. Fawziya aende kwa mwanawe."

Damu ilinichemka. Nilikaa nusu saa nikiandika kwa kidole kimoja.

"Kaka, shikamoo. Ikiwa kichwa changu kinavuja, kipime. Tucheze dhumna michezo mitano, Ijumaa baada ya chakula, wote wakitazama. Ukinifunga mitatu, nahamia Nizwa na sisemi neno. Nikikufunga mie, nabaki kwangu, na wewe ndiye utakayemwambia Maen."

Luay akaandika kuwa kamari ni haramu. Nikamjibu kuwa hii si kamari, ni mtihani, na mtihani halali. Harub akacheka kwa maandishi, ha ha ha ha, mstari mzima. Kisha akaandika, "Nimekubali." Mwanamme wa ukoo wetu akisema nimekubali mbele ya watu kumi, harudi nyuma, afe. Hapo nilikuwa nimeshamkamata, kazi iliyobaki ni kushinda.

Ijumaa Maen alifika kutoka Nizwa na makartoni matupu nyuma ya gari. Nikamwambia ayaache nje. Akavuta kiti akakaa ubavuni mwangu, nami nikafungua mtandao. Taa kumi za kijani, hakukosa hata mmoja.

Mchezo wenyewe kila mtu anaujua. Kete saba kwako, saba kwa mwenzio, kumi na nne zimelala kifudifudi, ukikosa ya kuunga unaokota, wa kwanza kumaliza kashinda, na mstari ukifunga, mwenye nukta chache mkononi kashinda. Kwenye mtandao kuna la ziada, nalo ni saa. Unapewa sekunde thelathini kwa kila kete, zikipita umefungwa.

Nilikuwa na kete nzuri. Ilipofika zamu yangu ya tatu, Harub akaandika, "Assalaam alaykum, Fawziya." Nikaandika waalaykum salaam, shikamoo kaka. "Marahaba. Hujambo?" Sijambo. "Watoto hawajambo?" Hawajambo. "Wajukuu je?" Wazima, kaka. Nikadhani kamaliza, kumbe ndo kwanza anaingia katika zile za huku Oman: "Shei khabari? Shei ulumu?" Nami naandika herufi moja moja, ma shei, alhamdulillah, khabari ni kwako. Kompyuta ikalia. Muda umekwisha, mshindi Harub.

Luay akaandika, "Bibi kafungwa na salamu."

"Mama, usimjibu," Maen akasema.

"Nisimjibu kaka yangu mkubwa akinitolea salamu mbele za watu? Wewe umelelewa na nani?"

Harub ananijua tangu nimezaliwa, na alijua vizuri kuwa siwezi kumwacha na salamu mkononi. Nikauingia mchezo wa pili nimefura. Nilitupa kete kwa kumkomoa badala ya kuhesabu, nikasahau kuwa tano zote zimeshatoka, nikaokota na kuokota mpaka kete zikajaa chini ya kioo. Hasira hasara, nami niliipata yote. Harub mbili, mie bila.

Maen aliinuka polepole, akaenda kabatini, akaanza kuvifunga vikombe vyangu kwa magazeti, kimoja kimoja, kwa upole, kama mtu anayeosha maiti. Nilimtazama mgongo wake na machozi yakanilenga. Nikaandika, "Tusali alasiri, kisha tuendelee." Hakuna mwanamme atakayekataa hilo.

Nilisali. Nilipokwisha, nilibaki juu ya msala nikijiuliza nifanye nini na salamu za Harub. Kutojibu siwezi. Kujibu ndiko kunakonimaliza. Jawabu lilipokuja lilikuwa rahisi mpaka nikajicheka. Nikachukua simu nikampigia.

"Kaka, shikamoo."

"Marahaba. Umekubali kushindwa?"

"La. Nimekupigia kukujulia hali tu. Hujambo?"

Nikaanza. Nikamuuliza goti la kulia, nikamuuliza la kushoto. Nikamuuliza wifi yangu na sukari yake. Nikamuuliza watoto wake saba, kila mmoja kwa jina, mke wake na kazi yake. Nikaingia kwa wajukuu, ishirini na watatu, na yule anayeota meno. Nikamuuliza jirani yake wa darajani, imamu wa msikiti, paka. Kila nilipouliza ilimbidi ajibu, na kila alipojibu ilimbidi aniulize na yeye, maana na yeye amelelewa na mama yule yule. Khabari, ulumu, mvua, bei ya papa mkavu. Dakika ishirini na sita. Maen alikuwa amesimama na kikombe mkononi, kakodoa macho.

"Kaka, imebaki salamu yoyote kati yetu?" nikauliza mwishowe.

Alikuwa amechoka. "Haijabaki," akasema.

"Basi mpaka kesho asubuhi hatudaiani."

Nikakata simu, nikarudi kwenye kiti. Harub aliandika "Fawziya" mara moja tu, halafu akakosa la kuongeza, maana lote limeshasemwa. Nikaanza kuhesabu. Sikumsikia Maen, sikuisikia friji. Sita zimetoka tatu, bado nne. Mbili zimetoka tano. Mchezo wa tatu nilimfunga akiwa na kete nne mkononi. Kule chini wale wazee wakaanza kuandika kwa fujo, na Luay, aliyenicheka, akaandika kuwa tangu mwanzo alikuwa upande wangu.

Wa nne ulikuwa mgumu. Harub alicheza kwa akili, naye si mchezaji mdogo, nampa haki yake. Lakini mdharau mwiba, mguu huota tende. Alidhani sina tatu-tatu kwa kuwa nilikuwa nimeibana tangu kete ya kwanza, akaniachia tatu pande zote mbili. Nikamaliza. Mbili kwa mbili.

Maen aliweka kikombe chini, akarudi kukaa. Nilimhisi anapumua karibu na sikio langu.

Mchezo wa tano tuliokota kete zote, haikubaki ya chini hata moja. Upande mmoja wa mstari ulikuwa na nne, upande wa pili mbili. Mie nilikuwa na kete mbili, nne-mbili na moja-moja. Harub alikuwa na tatu. Nne-mbili ingeingia popote. Nikiiunga kwenye nne, pande zote zinabaki mbili. Nikiiunga kwenye mbili, pande zote zinabaki nne.

"Weka kwenye nne, mama," Maen akanong'ona.

Saa ilikuwa inakimbia, sekunde ishirini. Nikarudi nyuma katika mchezo, kete kwa kete. Nne katika dhumna ziko saba. Nne-nne aliianza nayo Harub. Nne-sita niliiweka mie, nne-tano yeye, nne-moja yeye, nne-tatu mie, nne na upande mtupu mie. Sita zimetoka. Ya saba ninayo mkononi. Na kama nyingine zote ziko mezani, basi Harub hana nne wala hatakuwa nayo, na sita-sita sijaiona ikipita, kwa hiyo anayo yeye. Sekunde tisa. Nikahesabu tena, kwa sababu nilikuwa naogopa, na hesabu ikaja ile ile. Nilizikumbuka zote. Kila moja, na nani aliyeiweka.

Nikaiunga kwenye mbili.

Nne huku, nne huku, na hakuna nne iliyobaki duniani. Mchezo ulifunga. Kompyuta ikatugeuzia kete juu, mie nukta mbili, Harub nukta ishirini na nane. Maen akazitazama nne zote saba, akizigusa kwa kidole kwenye kioo, midomo yake ikihesabu. Alipofika ya saba aliuficha uso wake begani kwangu.

Simu ikalia. Nikaiweka wazi tusikie sote.

"Maen yupo?" Harub akauliza.

"Niko hapa, mjomba."

Nilimsikia anajisogeza kitini kwa goti lake. "Nimecheza dhumna miaka hamsini," akasema, "na ile nne ya saba ilikuwa imenitoka kabisa. Mama yako hakusahau hata moja. Aliyesema kichwa chake kinavuja ni mie, na mie ndiye ninayesema nilikosea. Anabaki kwake. Na wote walio hewani wameniona nikiandika hivyo hivyo."

Nilitazama kioo. Kweli alikuwa ameandika, kwa herufi kubwa, na wale wazee wote wameweka alama ya kukubali. Nililia basi, sikujizuia, nikalia kwa raha kama sijalia tangu Marhun afe.

Maen akatoka kibarazani kumpigia yule mwalimu. Mlango ulikuwa wazi, nikasikia kila kitu.

"Ustadh, samahani sana. Nyumba haipangishwi tena."

Yule mwalimu akauliza kitu. Sauti yake ilikuwa juu, ilinifika hadi ndani: kwani si uliniambia mwenye nyumba amefariki?

Maen akageuka akanitazama pale nilipokaa.

"Mwenye nyumba ni mama yangu," akasema. "Yumo ndani, na haendi popote."

Nikamwambia aseme tena, kwa sauti, na akasema.