Unga wa Msibani

Efrazia alichekecha unga wake mara mbili, kama anaupeleka ukweni. Pale Endasak, msiba ukitokea kila mama hupeleka unga. Ukisongwa ugali, watu wakala, basi umepokelewa, na wewe umepokelewa nao. Siku ile hakutaka jingine ila Marieta, rafiki yake wa tangu usichana, aupike unga wake.

Clement, mwana wa Marieta, alikuwa ameletwa ndani ya sanduku kutoka vitani, ng'ambo ya ziwa. Yeye na Modest wa Efrazia waliingia jeshini pamoja. Modest alipopangwa kwenda vitani, alikataa. Alimwambia mkubwa wake kwamba dhamiri haimruhusu kuua mtu, na kama ni kufungwa, afungwe. Akafungwa kweli, kisha akafukuzwa jeshini, na nafasi yake akapewa Clement. Kijiji nacho, ambacho kila Jumapili huimba amani mpaka mabati yanatetemeka, kikamwita Modest mwoga.

"Pole, Mama Clement," Efrazia alisema, amepiga goti.

Marieta hakumwangalia. "Asante, Mama Modest. Weka pale ukutani."

Efrazia alishinda jikoni akikoroga maharage, jicho likiwa kwenye beseni lake la bluu lenye unga. Unga wa wengine uliisha. Akatumwa mtu na pikipiki kufuata mwingine mashineni, na beseni liko palepale. Roho ilimuuma, lakini angemlaumu nani? Mwanawe yeye alikuwa nyumbani anapasua kuni. Alimshukuru Mungu kwa hilo, na shukrani yenyewe ikamtia aibu.

Baada ya maziko, Marieta mwenyewe alimkabidhi beseni, unga wote ukiwamo.

"Nilijaribu," alisema. "Niliuchota kabisa, mkono ukakataa. Mwanao hakukosea, Mama Modest. Ila wewe una wa kumsongea ugali."

Efrazia alijitwika beseni, akalia njia nzima, na alipokaribia nyumbani akajifuta uso kwa kanga. Akabandika maji, akausonga unga uleule.

Modest, ambaye hakuthubutu kukanyaga msibani, alinawa mikono akakaa.

"Waliupika unga wetu, mama?"

"Waliupika. Kula, mwanangu."

Akashusha pumzi, akamega tonge. Tangu atoke kifungoni, hiyo ndiyo siku ya kwanza aliyokula akashiba.