Maneno ya Jiwe la Murielle

Ruphin Cibalonza alilinda geti la jengo moja la mtaa wa Doornfontein, mbali kusini mwa Afrika, kwa miaka kumi na mmoja. Huko nyuma, Bukavu, alifundisha Kiyunani cha kale seminarini kwa miaka kumi na tisa. Ukimwuliza ipi ilikuwa kazi ngumu zaidi, angekuambia zote mbili zinaua magoti.

Vita vilipomtoa kwao alibeba begi moja, na ndani yake kitabu kimoja kinene: mkusanyo wa beti fupi ambazo Wayunani wa zamani waliwachongea wafu wao kwenye mawe. Wengi wa waliozitunga hawajulikani hata majina. Ruphin alizipenda kwa sababu hazikuwa za wafalme tu. Walikuwemo mabaharia, wakunga, watumwa, hata mbwa mmoja. Pale getini, kati ya gari moja na jingine, alizitafsiri kwa Kiswahili katika madaftari ya shule.

"Wafu wako wanapumzika tangu miaka elfu mbili," mkewe Léocadie, fundi cherehani wa Yeoville, alikuwa akimwambia. "Weye utapumzika lini?"

Ruphin alivua viatu tu.

Mwaka 2018 Lerato, mhadhiri aliyepanga ghorofa ya tatu, alimkuta na kitabu chake katika kibanda cha getini. Hakuamini macho yake. Akaomba madaftari, akayapeleka kwa Khatibu, mhariri wa shirika dogo la uchapishaji kule Newtown. Khatibu alizaliwa Morogoro. Mama yake Mtanzania, baba yake mtu wa Soweto aliyekuwa uhamishoni. Kiswahili chake kilinyooka kama shati lililotoka kupigwa pasi.

Baada ya miezi miwili alimwita Ruphin ofisini. Kurasa zilikuwa zimejaa wino mwekundu.

"Mwalimu, kazi yako ni nzuri mno," alisema. "Lakini hiki ni Kiswahili cha Kongo. 'Jina yangu'? Msomaji wa Dar au Mombasa atadhani sisi ndio tumekosea."

Ruphin alikijua Kiswahili sanifu vizuri sana. Aliandika vile kwa makusudi, kwa sauti ya mama yake aliyekuwa akiuza ndizi sokoni Kadutu, maana wale wafu hawakuwa maofisa. Alitaka kuyasema hayo. Lakini alikuwa ametoka zamu ya saa kumi na mbili mfululizo.

"Acha nitazame," alisema. Alizitia karatasi zile begini, na begi likakaa chini ya kiti cha kibandani wiki tatu bila kufunguliwa.

Katika wiki ya tatu, mnamo Julai, baridi ikiwa kali, Murielle alifariki. Alikuwa binti wa Hélène, msusi kutoka Uvira ambaye saluni yake ilipakana ukuta na duka la Léocadie. Mtoto wa miaka tisa. Alizoea kumwamkia Ruphin kwa Kizulu, "Sawubona, mkhulu," kisha kucheka babu huyo alipomjibu kwa Kiswahili. Kifua kilimbana siku nne, siku ya tano akaondoka.

Kesho yake mchana Hélène alitokea getini. Alikuwa amekuja kwa miguu kutoka Yeoville, kanga begani, macho makavu.

"Papa Ruphin, fundi wa jiwe anauliza tuandike nini. Pasteur alinipa mstari wa Biblia. Ni muzuri, lakini ni wa watu wote. Miye nataka ya kwake. Mama Léocadie alisema weye uko na maneno ya mawe ya wafu."

Ruphin alivuta begi. Ulikuwemo ubeti wa msichana mdogo, aliukumbuka. Alisoma kwanza maneno ya wino mwekundu:

"Mama ndiye aliyeniwekea jiwe hili. Jina langu halina kazi tena. Sikukaa nalo sana."

Hélène alisikiliza kama mtu anayesikiliza tangazo la redio. "Ni vizuri," alisema kwa adabu.

Ndipo Ruphin akasoma yale ya chini, aliyoyaandika mwenyewe kwa penseli:

"Ni mama aliniwekeaka hili jiwe. Jina yangu haina kazi tena; sikukawiaka nayo."

Hélène alichuchumaa palepale, mkono mdomoni. Gari lilifika getini na kupiga honi. Ruphin aliliacha lipige.

"Hiyo," Hélène alisema mwishowe. Halafu akainua uso. "Lakini jina yake iko na kazi, Papa. Miye naiita kila siku. Utoe hapo."

Ruphin, aliyeuhangaikia ubeti ule miaka minane, alichukua penseli na kufuta. Aliandika upya kwenye karatasi nyingine, akamsomea: "Ni mama aliniwekeaka hili jiwe. Jina yangu ni Murielle, sikukawiaka nayo."

Hélène aliikunja karatasi mara nne, akaishika ngumini, akaondoka nayo.

Walimzika Jumamosi. Jumatatu Ruphin alimpigia Khatibu simu.

"Ubeti wa yule msichana mdogo, uuache nilivyouandika mwanzo."

"Mwalimu, nikiuacha mmoja, hizo nyingine..."

"Hizo nyingine fanya unavyotaka."

"Beti mia mbili na kumi na mbili unaniachia mimi?"

"Zote. Nimechoka, mwanangu. Huo mmoja tu siwezi."

"Kuna mtu amefariki?"

"Mtoto wa jirani."

"Pole sana, Mwalimu. Basi utabaki ulivyo."

Ruphin alikata simu, na badala ya kufurahi akaona haya. Wale mabaharia na wakunga aliowabeba miaka yote hiyo, amewakabidhi wavishwe nguo za watu wengine, kwa sababu ya uchovu tu. Alimfungulia geti mtu mwenye kochi juu ya pikapu, akamsaidia kulishusha.

Kitabu kilitoka Aprili 2019. Léocadie, futi ya kupimia ikiwa shingoni, alikipima mkononi. "Iko nyepesi," alisema, kisha akakifunga katika kipande cha kitenge kipya ili kisichafuke.

Nakala moja Ruphin aliipeleka saluni. Hélène alikausha mikono, akaipokea, hakuifungua. Aliiweka rafuni kati ya chupa za mafuta ya nywele.

"Nitaisoma siku nitaweza."

"Hakuna haraka."

Hélène alimtazama vizuri. "Papa, nywele zimekushinda. Kaa."

"Nimetoka zamu, mama. Wacha nifike nyumbani kwanza."

Lakini alishamfunga kitambaa shingoni. Mashine ilianza kunguruma kisogoni, na joto lake likamteremka mabegani. Wateja wawili walikuwa wakibishana juu ya harusi ya mtu fulani. Kabla mashine haijafika sikioni, Ruphin alikuwa amelala.

Hélène aliizima. Alikishika kichwa kile cheupe kwa viganja viwili kisianguke, akawageukia wale wanawake, akawaomba wateremshe sauti.