Jumatano ya Wahiba

Jumatano waliyomzika Jawad, muuza vitambaa wa Tabata, saa kumi na nusu alasiri, binti yake Huda alikuwa uani kwao Goba akisugua masufuria ya wali wa msibani. Ndani, mama yake Wahiba alikuwa ameshakaa eda, akiomba kahawa. Mvua iliyoanza makaburini iliteremka kutoka vilima vyote vya Goba, ikajaa bondeni na kuizunguka nyumba yao. Maji yalipofika magotini yakasimama papo hapo, na nyumba ikawa kisiwa.

Huda alimpelekea mama kahawa, akajitwika masufuria, akavuka kuyarudisha kwa Vaileth, jirani yao mwenye genge la nyanya. Yote hayo yalimchukua nusu saa. Ng'ambo alikuta Jumamosi.

"Dada Huda jamani," Vaileth alisema akikagua masufuria yake. "Khitma ya mzee imesomwa jana, nyie mmejifungia tu."

"Tulikuwa tunachemsha kahawa," Huda alijibu, na Vaileth akaona ni sawa.

Huda hufundisha hesabu shule ya msingi huko Tegeta. Alipima kwa saa ya mkononi, akarudia mara tatu, na kila mara jibu likatoka hilo hilo: siku moja ya kisiwani ilikuwa miezi minne na siku kumi ya Goba. Eda nzima ya mjane, kwa mama yake ilikuwa siku moja. Moyo wake ulimdunda kwa furaha hadi akasahau kuvua kandambili zilizojaa tope.

Mtaa nao ulichangamka. Umeme ulikuwa ukikatika kila kukicha, kwa hiyo Vaileth alihamishia nyanya zake kwenye baraza ya Wahiba, na baada ya wiki tatu alizichukua zikiwa ngumu vile vile. Wengine wakaleta samaki, maziwa, keki ya harusi iliyoahirishwa. Kutoka ukingoni walimwona Wahiba dirishani akinywa kahawa, kikombe kimoja tangu Jumatatu asubuhi hadi Jumanne mchana, na hakuna aliyemharakisha.

Kila Jumamosi Huda, aliyehamia ng'ambo asipoteze kazi, alivuka asubuhi, akakaa na mama dakika tano, akarudi magharibi.

"We si umetoka hapa sasa hivi?" Wahiba alimwambia kila mara. "Na hiyo hina umepaka saa ngapi?"

Hofu ya Huda ilikuwa moja tu. Nyumba ile Jawad na Wahiba waliijenga miaka kumi na miwili, tofali kwa tofali, lakini siku ya kuandikisha kiwanja Jawad alikuwa na homa, akamtuma kaka yake Zahor. Katika ukoo wao, kumwuliza kaka yako ameandika jina la nani ni kumvunjia heshima. Jawad hakuuliza. Pale pale makaburini, Zahor alikung'uta mchanga mikononi akasema, "Shemeji akae eda yake kwa raha zake. Akitoka, nyumba yangu naiuza."

Miezi minne na siku kumi ilipotimia, Zahor alifika na mnunuzi, akamleta pia Sheikh Yazid ili jambo liende kwa utaratibu. Mnunuzi alibaki ukingoni, hakutaka kulowesha viatu. Zahor na Sheikh walikunja suruali wakavuka, na Huda nyuma yao.

"Shemeji, eda imekwisha," Zahor alisema barazani, kati ya nyanya.

"Imekwisha vipi, shemeji? Maji ya mazikoni hata hayajakauka miguuni."

Sheikh Yazid alifikiri. Akamwuliza Wahiba tangu mumewe azikwe ameswali swala ngapi za faradhi.

"Tano, Sheikh. Ya mwisho alasiri, nimeimaliza sasa hivi."

"Basi ni siku moja," Sheikh alisema. "Mtu hufunga kwa mwezi wa mahali alipo, na eda huhesabiwa kwa siku za mahali mjane alipokaa. Zimebaki mia moja ishirini na tisa."

Huda alipiga hesabu kwa vidole: miaka arobaini na sita ya Goba. Alitaka kupiga vigelegele, akajiziba mdomo kwa ushungi, maana ile bado ilikuwa nyumba ya msiba.

"Na karatasi, Sheikh?" Huda aliuliza. "Karatasi zina jina lake huyu, na nyumba ni ya baba yangu."

"La karatasi sikuulizwa," Sheikh alisema, akaomba maji ya kunywa.

Zahor alibishana robo saa. Alipovuka kurudi ilikuwa kesho yake jioni, na mnunuzi alikwishaondoka. Zahor ana miaka sitini na moja. Hakugomba tena. Alikwenda nyumbani, akawaita wanawe wawili, akawaonyesha zilipo karatasi.

Jumamosi iliyofuata Huda alivuka mbiombio, anacheka peke yake.

"Mama, mie nina ishirini na tisa, wewe hamsini na mbili. Siku yako ya sitini na tano tutakuwa rika moja. Ikifuata ya sitini na sita, mie mkubwa kwako!"

Wahiba alimtazama kwa muda, na muda ule Goba ulikuwa asubuhi nzima. Akamshika shavu.

"Siku hiyo nitakuamkia mie. Leo je? Umeingia unachekacheka, hata shikamoo hakuna."

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Haya nenda, kwenu jua linazama."

Alipotoka majini, wana wa Zahor walikuwa ukingoni. Walikuwa wameleta viti viwili vya plastiki na chupa ya chai, na bahasha yenye zile karatasi za nyumba iko mapajani kwa yule mdogo.

"Shikamoo, dada Huda," mdogo alisema kwa adabu.

Huda alikamua pindo la gauni, akaitikia.