Alama ya Buti

Ignace aliinama na beseni lake kama alivyoinama kila miezi mitatu kwa miaka kumi na mmoja katika ibada ya kuosha miguu, akaushika mguu wa kushoto wa kijana Héritier, na maji yalipoteremka kwenye ugoko akaiona alama. Chini kidogo ya goti, kuuzunguka mguu mzima, nywele zilikuwa zimefutika na ngozi inang'aa, pale pale mdomo wa buti la mpira unaposugua.

Mtu mwingine yeyote katika ukumbi ule wa kukodi wa Winson Green, huku ughaibuni, asingeona kitu. Lakini Ignace ni mtu wa Kalehe, huko Kivu, na watu wa Kalehe wanaijua pete hiyo. Wapiganaji wa msituni hushinda na kulala na mabuti ya mpira. Vizuizini vijana huamriwa na askari wakunje suruali, na mwenye pete mguuni huambiwa avue shati, itazamwe kama mkanda wa bunduki umeacha alama begani. Mwenye vyote viwili harudi nyumbani. Emery, kaka yake Ignace, hakurudi.

Alimaliza kuosha, akafuta kwa taulo, akamkumbatia kijana kama desturi ilivyotaka. Moyoni alikuwa amechafuka kabisa. Kanisa lao dogo la Mennonite, familia tisa hivi za Kivu, halina utajiri wowote zaidi ya jambo moja: hawashiki silaha, hata vita ikiingia mlangoni. Wapo waliokimbia kwao kwa sababu walikataa kutoa watoto wao wapigane. Leo huyu ameingia na miguu yake, ameketi katikati yao, ameoshwa.

Na barua ilikuwa mfukoni mwa koti la Ignace. Jumatano kesi ya Héritier ya kuomba hifadhi ingesikilizwa, na barua ilisema kwamba kanisa linamjua kuwa mtu asiyebeba silaha. Ilihitaji sahihi mbili, ya mchungaji Roselyne, aliyekwisha kutia yake, na ya Ignace, shemasi. Bila sahihi ya pili kijana angesimama mbele ya hakimu bila shahidi, na huenda angerudishwa vitani. Lakini kama barua ni ya uongo, na uongo ukajulikana, nani angeliamini tena kanisa? Familia mbili nyingine zilikuwa zinangoja kesi zao.

Wiki ile Ignace, ambaye ni dereva wa basi, alimkodolea kijana macho kila alipompakia Stratford Road. Kwa nini anakaa kiti cha nyuma kabisa, mgongo ukutani? Kwa nini simu ikilia anateremka kabla ya kituo chake? Siku pikipiki ilipotoa moshi kwa mlipuko karibu na maduka ya nguo, abiria wote waligeuka kutazama. Héritier peke yake aliinama chini. Ignace alimwona kwenye kioo, akajiambia kwamba mtu hajifunzi kuinama namna ile kanisani.

Mkewe, Goretti, alikuwa akimtania kwamba anaiatamia barua kama kuku. Ignace aliirudisha mfukoni. Kwao ukiwa na neno na ndugu uliyemwosha miguu, unamwendea mwenyewe kwanza, wewe na yeye tu, kabla hujamwambia mtu mwingine, hata mke. Kwa hiyo Jumanne mchana, zamu ilipokwisha, alipanda ngazi nyembamba hadi chumba cha Héritier, juu ya duka la vitambaa huko Sparkhill.

Kijana alimkaribisha kwa heshima, akamwekea chai. Ignace hakuigusa.

"Siku ya kuosha miguu niliona alama ku muguu yako," akasema. "Ni bottes, ou bien?"

"Ni bottes, Papa. Nilikuwa nasafisha zahabu mu mutoni, miaka ine."

Jibu lilitoka haraka, tena laini mno. Zahabu, bila shaka. Kila aliyetoka msituni ana mto wake na zahabu yake. Ignace alihisi hasira ikimpanda, hasira ya miaka mingi, na kwa mara ya kwanza ilikuwa na mtu wa kumwangukia.

"Vua chemise," akasema. "Nione bega."

Héritier hakuuliza kwa nini. Aliweka kikombe chini, akafungua vifungo, akageukia ukuta. Kisha, bila kuambiwa, akainua mikono yote miwili juu. Begani, upande wa kulia, palikuwa na mstari mpana wa ngozi ngumu, nyeusi.

Basi ni kweli, Ignace alijisemea. Ndipo akaitazama ile mikono.

Emery aliinua mikono vivyo hivyo, asubuhi moja mwaka tisini na nane, alipoambiwa maneno yale yale na askari wa kizuizini. Alikuwa mchunga ng'ombe. Mabuti aliyavaa kwa sababu ya tope la malishoni, na begani alikuwa na alama ya mkanda wa dumu la maziwa. Ignace, mwenye miaka kumi na mitano, alisimama karibu, suruali imekunjwa. Alijaribu kuwaeleza habari za maziwa. Askari akasema kila mtu ana maziwa yake.

Aibu ilimshika Ignace mpaka miguuni. Alimwambia kijana ashushe mikono. Swali la mkanda, alilokuwa amelibeba wiki nzima, hakuliuliza. Aliokota shati, akamfunika nalo mabegani, akatoa barua, akatia sahihi pale pale kando ya chai iliyopoa. Hakuwa na hakika hata kidogo.

Héritier alifunga vifungo polepole, kimoja kimoja. Hakuitazama barua. Alimtazama Ignace, kuanzia viatu hadi mabega, kwa makini.

"Papa," akasema, "wewe ulikuwa mu jeshi gani?"

Ignace alifungua mdomo amweleze habari za Emery na maziwa, akajua kabla hajaanza jinsi zitakavyosikika.