Bao Lililorudi Rujewa

Liberatus Kalinga hakuwa mtu mbaya. Alikuwa na kijiba cha roho tu, na kijiba chenyewe kilizidi ukubwa wa bucha lake. Bucha lilikuwa Nyololo, kando ya barabara kuu, pale mabasi yaendayo Mbeya yanaposimama abiria wanyooshe miguu na kununua mahindi ya kuchoma. Nyumba aliyoishi na mkewe ilikuwa nyuma ya bucha, ukuta mmoja katikati, na ukuta ule ndio uliomponza. Kila kicheko cha uani kilipenya kikamkuta ameshika shoka mbele ya wateja.

Kicheko kilikuwa cha Roza, mkewe. Ndoa yao haikuwa imemaliza mwaka wa pili. Roza alikuwa binti wa mzee Limbu, mmoja wa Wasukuma waliohama na mifugo yao kutoka kaskazini wakaja kukaa kwenye mbuga za Usangu, upande wa Rujewa. Siku alipoletwa kwa mume alikuja na sanduku lake la nguo kama maharusi wote, na juu ya gari likaja bao. Lisidhaniwe ni kibao cha kupotezea muda. Lilikuwa gogo la mninga lenye safu nne za mashimo, refu kama mlango, zito la kuwatoa wanaume jasho. Pamoja nalo vilikuja vigoda viwili, ngozi ya ndama ya kutandika chini, na mfuko wa ngozi uliojaa kete. Mchezo haukuanza bila mfuko ule kutikiswa. Ukitikiswa, Roza angeacha hata ugali motoni.

Shida ni kwamba Nyololo nzima hakuna aliyeujua mchezo ule. Watu wa pale walicheza drafti kwa vizibo vya soda, wakagombana, wakaenda kunywa ulanzi wakapatana. Aliyeujua alikuwa Shija peke yake, mleta ng'ombe, yule yule aliyekuwa mshenga wa ndoa yao. Shija alikuwa na wake wawili huko Usangu, na meno meupe yaliyomkera Liberatus kupita kiasi. Kila siku ya mnada alimletea Liberatus ng'ombe wa kuchinja, wakapatana, kisha akazunguka uani akautikisa mfuko.

Hapo ndipo mateso yalipoanza. Roza na Shija walicheza huku wakitambiana kwa Kisukuma, na Kisukuma cha Liberatus kiliishia kwenye salamu. Alisikia kete zikidondoshwa shimo kwa shimo, akamsikia Shija akiguna, halafu kicheko cha Roza kikapasuka. Na kicheko hicho, jamani, hakikuwa kile alichochekewa mume. Mume alichekewa kwa adabu, kiganja mdomoni. Shija alichekewa kichwa kikiwa kimerushwa nyuma. Liberatus aliwahi kuchungulia kwenye ufa wa mlango akaona kwa macho yake, na tangu siku hiyo roho ilimuuma kama jino bovu.

Wateja walijua upesi. Wakaambizana kwamba ukimkuta Shija amekuja, usinunue nyama, utafungiwa mifupa mitupu.

"Njoo ukae nikufundishe," Roza alimwambia jioni moja. "Si ngumu. Ipo siku utanifunga."

"Mimi nicheze michezo ya wachunga ng'ombe?"

"Wachunga ng'ombe ndio baba zangu."

"Basi cheza na baba zako."

Roza aliinama akaendelea kuchambua mchele. Alikuwa mtu wa kusema jambo mara moja.

Kama kulikuwa na lolote kati ya Roza na Shija, hakuna aliyeliona, na Nyololo ni mahali ambapo jambo huonwa kabla halijatokea. Lakini mwenye wivu haombi ushahidi, anaombea dalili tu, na wa kumpa dalili hakosekani. Kwa Liberatus alikuwa Severina, jirani muuza ulanzi.

"Kamwene, baba," Severina alisema, akiegemea dirisha la bucha. "Mimi simo. Ila mke wa mtu kucheka vile na mwanaume wa njiani! Mimi kwetu wangeniitia wazee."

Akaondoka na utumbo wa ng'ombe alionunua, ile "simo" yake ikiwa imeshafanya kazi.

Basi Liberatus akaamua kuung'oa mchezo ule nyumbani mwake, wenyewe na mizizi yake. Alianza kwa kificho. Aliuiba mfuko wa kete akauchomeka juu ya dari la bucha. Mnada uliofuata Shija akaja, akauliza mfuko, ukakosekana. Roza akaingia jikoni akatoka na maharage kwenye ungo, wakacheza kwa maharage, na kicheko siku hiyo kilikuwa kirefu zaidi kwa sababu Shija alidai amekula mboga ya watu.

Akalihamisha bao. Alilisukumia stoo akalifunika kwa ngozi mbichi zenye chumvi, akidhani harufu itamshinda Roza. Roza hakuligusa. Yeye na Shija walichukua ncha ya panga wakachimba mashimo uani, safu nne, kama wafanyavyo watoto machungani, wakachuchumaa. Sasa Liberatus akaona hata magoti yao yamekaribiana, jambo ambalo bao la mninga, kwa upana wake, lilikuwa limelizuia. Alijilaumu usiku kucha.

Akayafukia yale mashimo kwa majivu na udongo, akayashindilia kwa mchi. Mvua ikanyesha, na maharage yaliyosahaulika humo yakaota, mistari minne iliyonyooka, ya kijani, katikati ya uwanja. Liberatus aliyang'oa kwa mikono miwili akitukana. Severina alikuwa akitazama kupitia kwenye ua wa mianzi.

Ndipo Roza alipokwenda Igowole kuhani msiba. Kabla hata vumbi la gari alilopanda halijatua, Liberatus aliita wapagazi wa stendi. Walilibeba bao, vigoda, ngozi ya ndama, na mfuko ulioshushwa darini, wakavipandisha vyote juu ya basi.

"Rujewa," alimwambia kondakta. "Kwa mzee Limbu wa ng'ombe. Uliza mtu yeyote."

"Nimwambie vimetoka kwa nani?"

"Mwambie Liberatus Kalinga amemrudishia mali yake."

Basi lilipoondoka alirudi akafagia uwanja. Akainua kitanda, akapapasa uvunguni. Akaikuta kete moja kwenye kopo la chumvi na nyingine imefungwa kwenye pindo la kitenge cha Roza, akazitupa ng'ambo ya barabara kwa nguvu zake zote. Hakutaka ibaki hata ya dawa. Alipomaliza alikaa mlangoni akavuta pumzi, na kwa mara ya kwanza tangu harusi hakuwa na la kusikiliza.

Roza alirudi na kuona.

"Bao liko wapi?"

"Nimelirudisha kwenu."

"Umelirudisha na nani?"

"Na basi. Kwani lilitaka kusindikizwa?"

Uso wa Roza ulibadilika polepole, kama mtu anayesomewa hukumu katika lugha anayoijua vizuri.

"Umemwambia baba nini?"

"Kwamba namrudishia mali yake."

"Umesema hivyo? Kwa mdomo wako?"

"Kwa mdomo wangu mwenyewe."

"Haya," Roza alisema. Akavua viatu vya safari akaingia ndani.

Kuanzia hapo nyumba ilitulia kabisa. Roza alipika, akafua, akamwekea mumewe maji ya kuoga, na hakuuliza kitu. Usiku alilala ameelekea ukutani. Nguo zake akazikunja zote akazirudisha kwenye sanduku, ambalo tangu harusi lilikuwa likitumika kuwekea unga. Liberatus aliyaona hayo yote akayasoma apendavyo. Alidhani mke ametulia na kukubali kutawaliwa. Nyama ikaanza kukatwa vizuri tena, na wateja wakamsifu. Ila kila alipolala alijikuta ametega sikio, akisubiri kicheko kilichomuudhi, na kilipokosekana akaanza kujiuliza Roza amenyamaza kwa kumlilia nani.

Asubuhi moja, akiwa ananoa visu, alisikia kengele za ng'ombe barabarani. Haikuwa siku ya mnada. Alitoka akaona kundi linaingia uani kwake, na nyuma ya kundi wanaume wawili wenye vumbi hadi kwenye nyusi. Mmoja alikuwa Nkuba, kaka mkubwa wa Roza. Mwingine alikuwa Shija.

Liberatus alimwona Shija kwanza. Kisha ndipo alipowaona ng'ombe, na akalitambua lile dume jekundu lenye pembe moja iliyopinda, ambalo yeye na marehemu baba yake walilichagua kwa mikono yao. Wale walikuwa ng'ombe wake wa mahari, na ndama waliozaliwa tangu hapo walikuwa wakiwafuata.

"Mhola, shemeji," Nkuba alisema, akaegemea fimbo yake. "Bao lilifika salama. Na sisi tumekuletea ng'ombe zako. Zihesabu."

"Ng'ombe zangu za nini?"

"Umeturudishia bao. Si ndiyo umemrudisha mtoto wetu?"

"Nimerudisha mchezo! Nimerudisha gogo, Nkuba! Nani amemrudisha mtu?"

"Tulikuambia siku ya harusi."

Na kweli aliambiwa. Mzee Limbu alisimama kando ya bao mbele ya watu akasema kwa Kisukuma, na Shija, mshenga, akatafsiri neno kwa neno. Katika ukoo wa Limbu binti huondoka na kitu kimoja cha baba yake. Akirudi nacho, amekuja kusalimia. Kikirudi bila yeye, mume amemchoka, na wenyewe waje kumchukua. Liberatus alikuwa amekaa mbele kabisa siku hiyo. Lakini muda wote Shija alipokuwa akitafsiri, yeye alikuwa akimwangalia Roza, jinsi anavyomwangalia Shija. Sasa Roza angemwangalia nani, na Shija ndiye aliyekuwa akisema?

"Sisi tumefunga ndoa kanisani," Liberatus alisema, sauti ikimpanda. "Ndoa ya padre haifunguliwi na gogo."

"Padre ana kazi yake, hatumwingilii," Nkuba alijibu taratibu. "Lakini sisi tulipokea ng'ombe, na wewe umeturudishia bao. Tukikaa na vyote viwili, watu watatuita nani?"

Roza alikuwa amesimama kwenye kizingiti, sanduku lake miguuni. Liberatus aliliona sanduku akaelewa ule ukimya wote. Kumbe siku zote hizo Roza alikuwa akimpikia na kumfulia mwanaume aliyemfukuza.

"Roza," alisema. "Wewe ulijua?"

"Nilijua umenirudisha. Nikangoja nichukuliwe."

"Mbona hukuniuliza?"

"Nilikuuliza. Ukasema kwa mdomo wako mwenyewe."

Ng'ombe mmoja akaanza kula paa la jiko, na hakuna aliyemfukuza. Nkuba alimtazama dada yake, akamtazama shemeji yake, akashusha fimbo. Alikuwa mtu wa amani, na alikuwa ametembea njia ndefu akiombea asikute ugomvi.

"Mimi naona hapa kuna kosa, siyo ubaya," alisema. "Kosa la mgeni wa mila. Shemeji, mambo mepesi haya. Simama hapa mbele yake, sema: nilikosea, namtaka mke wangu. Basi. Sisi tutageuza hizi ng'ombe sasa hivi, na bao litarudi kwa basi la kesho."

Liberatus alimtazama mkewe. Roza hakuwa ameinamisha uso. Mkono wake ulikuwa umeliachia sanduku, na macho yalikuwa kwa mumewe tu, yamefunguka, yanamsubiri. Hakuna mtu aliyewahi kumtazama Liberatus namna ile, na kama angekuwa na akili ya kuku angeona kwamba jibu la maswali yake yote lilikuwa mle machoni. Alimpenda. Alitaka kusema. Maneno yalikuwa yameshapanda hadi kooni, nilikosea, namtaka mke wangu, na hata mdomo alikwisha kuufungua.

"Sema, shemeji," Shija alimhimiza kwa upole. "Sema tu, yaishe."

Liberatus akayageuza macho. Akayaona yale meno. Kijiba kikamkaba, na neno lililotoka halikuwa lile lililopanda.

"Bao likirudi," alisema, "atalicheza na nani?"

Nkuba alifumba macho. Shija alipiga hatua nyuma akasema neno moja la Kisukuma ambalo halikuhitaji mshenga. Liberatus mwenyewe alilisikia swali lake likianguka pale uani, akanyoosha mikono kama anayeweza kulidaka. "Hapana, sikumaanisha hivyo, nilitaka kusema..."

Lakini macho ya Roza yalikuwa yameshafungwa kwake kama duka.

"Kaka," alisema, kwa Kiswahili, ili asikie anayehusika, "twende. Ng'ombe waacheni."

Akaingia ndani mara moja, akatoka na kanga yake ya kichwani, akajitanda. Kwa Severina, aliyekuwa amejisahau kwenye ua wa mianzi mdomo wazi, alisema kwaheri kwa heshima zote. Kisha akaliendea sanduku.

Wakatoka mpaka barabarani. Liberatus aliwafuata hadi kwenye kona ya bucha, visu vyake vikiwa bado mezani, ng'ombe wake wa mahari wakikanyagana nyuma yake. Alitaka kuita, na angeita, na huenda ingefaa hata wakati ule, maana Roza alisimama kidogo kando ya lami bila kugeuka. Basi la Mbeya lilikuwa likipanda kilima. Shija akanyoosha mkono ampokee sanduku. Roza alikataa kwa kichwa, akaliinua mwenyewe, akajitwisha.

Liberatus aliuona ule mkono wa Shija tu.